Utitiri Ukutani

Mwamvua, mdogo wake Kuluthumu, alipokuja kutoka kijijini Busi kumjulia hali shemeji yake, alileta matetea kwenye tenga. Kuluthumu alishukuru sana. Habibu, mumewe, alikuwa hajiwezi tangu kiharusi kimkamate. Hasemi wala hainui mkono, na supu ya kuku wa kienyeji ilimpita kooni bila taabu. Matetea wale waliliwa wakaisha. Tenga likabaki kwenye banda la kuku wa nyama, lililoegemea ukuta wa chumba cha mgonjwa.

Haukupita muda kuku wakaanza kuzubaa, panga za vichwani zimepauka. Kuluthumu aliinua ubao akaona vidudu kama vumbi jekundu vinatembea. Alipovikandamiza, kidole kililowa damu. Akanyunyiza majivu, kisha dawa ya unga. Kuku wakazidi kufa.

Siku hizo Habibu alikuwa akitokwa machozi. Kuluthumu alidhani ni majonzi ya ugonjwa, akawa anamfuta na kumsomea dua. Mpaka alipombadilisha shuka ndipo akaona shingo na mgongo vimejaa vipele, na kwenye mishono ya godoro vidudu vilevile vimejipanga.

"Kumbe ulikuwa unaniambia," alisema.

Akamwita Lydia, daktari wa mifugo wa mtaani.

"Huu ni utitiri, mama," Lydia alisema akichungulia nyufa za tofali za udongo. "Mchana unajificha humu, usiku unatoka kunyonya."

"Nikiwaondoa kuku?"

"Unaweza kukaa miezi bila kula. Na ukikosa kuku..." Macho yake yakaenda kitandani. "Piga dawa, ziba nyufa, halafu urudie. Ila mgonjwa asilale humu kwanza."

"Nimpeleke wapi, mwanangu? Chumba ndicho hiki."

Lydia akamwandikia jina la dawa.

Kuluthumu aliwachinja kuku waliobaki akawafukia. Banda akalibomoa, akalichoma mbali na nyumba pamoja na tenga. Habibu akalazwa uani juu ya mkeka wakati dawa ikipigwa, nyufa zikasiribwa udongo. Wakalala salama kwa muda. Udongo ulipokauka ukapasuka, vipele vikarudi. Akapiga dawa tena. Harufu yake ikamkohoza Habibu mpaka akaishiwa nguvu, na Kuluthumu akaapa kutorudia.

Sasa ameacha kupigana na ukuta. Anakaa ukingoni mwa kitanda, anamtazama mumewe macho. Yakielekea begani, anamkuna bega. Yakielekea shingoni, anamkuna shingo, taratibu, asimchubue.