Donge Lisilonyonyeka

Mama yangu, Yunisi, aliingia chumbani kwa mkwewe Winfrida na kitana cha mbao kilichopashwa moto. Huku kwetu Shelui ziwa la mnyonyeshaji likiwa na donge, jibu lipo tayari: mtoto amecheua akiwa bado ananyonya, maziwa yameganda. Dawa ni kulichana kutoka kwapani kuja kwenye chuchu mpaka liachie.

"Vua, mwanangu."

"Mama, tangu wiki iliyopita tunachana. Halijasogea."

"Kwa sababu unajikaza. Legea!"

Winfrida akanigeukia mimi. "Wifi, mwambie. Matiti yangu nayajua. La kushoto ni kubwa tangu usichana wangu. Kabla ya kubeba mimba, nikikaribia siku zangu yalikuwa yanajaa vijivimbe na kuuma, nikimaliza yanatulia. Hata maziwa yakiganda nayajua, mtoto akinyonya panalainika. Hili haliumi. Mtoto anamaliza ziwa lote, donge limebaki palepale, gumu kama karanga."

"Mwanamke anayejipapasa kila akioga anatafuta nini?" mama akauliza. "Si ugonjwa huo anautafuta?"

Maneno hayohayo aliambiwa dada yetu Lea, chumba hikihiki. Alichanwa msimu mzima, mpaka ngozi ya ziwa ikabonyea kama ganda la chungwa. Waliomwambia asubiri walikuja msibani wakalia kuliko sisi. Nawakumbuka wote, na kila mmoja alikaa wapi.

"Mama, Lea naye alijikaza?" nikauliza.

Kaka yangu Paschal, mume wa Winfrida, alikuwa mlangoni ameegemea fimbo ya kupigia alizeti.

"Hakuna aliyekataa hospitali," akasema. "Tumalize kupiga alizeti, mvua isije ikatukuta."

"Kwani alizeti ndiyo yenye donge?" nikamwambia. "Piga mwenyewe, mikono unayo. Wifi, beba mtoto, jifunge kanga twende."

Zahanati tulikuta foleni. Zamu yetu ilipofika, mhudumu hakuinua uso.

"Tatizo?"

"Nina donge kwenye ziwa," Winfrida akasema.

"Unanyonyesha?"

"Ndiyo, lakini hili siyo la..."

"Ni maziwa hayo. Kanda na maji ya moto, nyonyesha sana. Anayefuata!"

Niliinuka nimtukane. Winfrida akanivuta kanga nikae. Akampakata mtoto palepale kwenye kiti, akamnyonyesha. Nyuma yetu watu wakaanza kuguna. Mzee mmoja akauliza kama tumehamia humo ndani. Mtoto aliposhiba, Winfrida akanipa nimshike, akainuka, akafunga mlango, akashusha gauni mabegani.

"Dada, ziwa ni tupu sasa. Lete mkono wako."

"Mama, nimeshakwambia kuwa..."

"Umeniambia. Hujanishika."

Yule mhudumu alishusha pumzi kama mtu aliyechoshwa, akaweka vidole vyake. Akabonyeza. Akavizungusha polepole, akarudi tena palepale, akapanda mpaka kwapani. Kisha akavuta kiti, akaanza kuandika rufaa ya kwenda hospitali ya mkoa, Singida mjini.

"Huenda likawa si kitu kibaya," akasema, sauti sasa imeshuka. "Lakini lipigwe picha, wachukue na kipande kidogo cha nyama yake wakapime. Muende kesho, msingoje." Akamtazama Winfrida. "Sasa mama, mbona hukusema kwamba halipungui hata mtoto akinyonya?"

Winfrida alikuwa anafunga vifungo. Kimoja kikamshinda, akakiacha wazi.

"Nimesema," akajibu. "Nimesema nyumbani, nimesema hapa. Hiyo kesho, niandikie kwa herufi kubwa, mume wangu aione."