Ukurasa wa Mia Moja na Kumi na Mbili

Katika karakana ya ushonaji ya Futi na mumewe hakuna kipimo kinachoandikwa kimya kimya. Anayepima anataja, anayeandika anarudia kwa sauti, ndipo kalamu inagusa daftari. Futi, aliyepewa jina hilo kwa sababu ya futi ya kupimia isiyobanduka shingoni mwake, alikuwa amefanya hivyo miaka kumi na tisa. Mdomo wake ulishazoea, haungoji tena kuambiwa.

Ndiyo maana siku ya kufungua zabuni za mashuka ya hospitali, afisa ununuzi alipohesabu kurasa za zabuni ya Futi mbele ya wote na kutaja, "Mia moja na kumi na mbili," Futi aliitikia kutoka safu ya nyuma, "Mia moja na kumi na mbili!"

Ukumbi mzima ukaangua kicheko. Afisa akamkata jicho.

"Mama, hapa si kwenye vyerehani vyako. Nyamaza!"

Akainamisha kichwa, uso umemwiva kwa aibu.

Wiki tatu baadaye ikaja barua. Zabuni yake imekataliwa kwa kuwa ina kurasa mia moja na kumi na moja tu. Ukurasa wa mwisho, wenye dhamana ya benki, haumo. Kazi amepewa bwana mmoja mwenye kampuni isiyo na hata sindano ya kutolea mwiba. Futi aliisoma barua mara mbili, hasira zikampanda. Ukurasa ule aliupiga muhuri na kuufunga pamoja na kurasa nyingine kwa mkono wake mwenyewe.

"Nakwenda mahakamani," akamwambia mumewe, aliyekuwa mezani akikata kitambaa.

Mkasi ukasimama. "Mama watoto, una akili timamu kweli? Ukiishtaki ofisi ile, hutapewa tena hata kushona dasta ya kufutia ubao. Na hawa mafundi sita watakula wapi?"

"Kwani sasa hivi wanakula wapi? Wameniita mwongo kwa maandishi, baba watoto. Nikinyamaza, ni kama nimetia sahihi."

Mume akashusha pumzi, akaendelea kukata. Hakumuunga mkono, ila asubuhi ya kesi alimpigia pasi gauni lake bila kuombwa.

Mahakamani mambo yalianza vibaya. Wakili wa ofisi alitoa fomu ya siku ya ufunguzi, na ndani yake imeandikwa wazi: kurasa mia moja na kumi na moja. Futi alikuwa na neno lake tu, na neno la fundi mbele ya fomu yenye muhuri ni nini?

Wakili wake akaomba muhtasari wa kikao kile. Ukaletwa bila wasiwasi wowote, maana idadi za kurasa hazikuwa zimeorodheshwa humo. Akapekua, akakohoa kidogo, kisha akasoma:

"'Mzabuni wa nne alivuruga kikao kwa kurudia kwa sauti kubwa maneno ya afisa, yaani mia moja na kumi na mbili. Alionywa.'"

Waliobadilisha tarakimu kwenye fomu walikuwa makini kweli kweli, lakini lile onyo la kumziba mwanamke mdomo hawakulikumbuka. Kwao lilikuwa kichekesho tu. Jaji akavua miwani, akamtazama afisa ununuzi, ambaye ghafla aligundua kuwa kiatu chake kina vumbi.

Jaji akabatilisha ushindi wa yule bwana. Zabuni zote zitathminiwe upya, ya Futi ikiwemo na kurasa zake zote. Kazi yenyewe hakumpa mtu. Alisema hiyo si kazi ya mahakama.

Mlangoni afisa akamsogelea Futi, sauti chini. "Hongera. Lakini tathmini itafanyika ofisini kwetu, si hapa. Unadhani utapata?"

Mumewe alimshika mkono ili waondoke. Futi hakusogea hata hatua moja.

"Labda sitapata. Lakini mkininyima, itabidi mniandikie sababu. Basi iandikeni vizuri, kaka yangu, maana njia ya kuja hapa sasa naijua."

Mumewe akauachia mkono wake, akamgeukia afisa.

"Tunaijua," akasema.