Mbona Hukuitika?

Masikio yangu yamekufa. Miaka thelathini nimesaga unga, mashine ikinguruma ubavuni, kingebaki nini? Mke wangu alinihimiza mapema niende hospitali, nikamjibu jeuri. "Sikio la kufa halisikii dawa," akasema, na siku hizo nilikuwa bado nasikia akinicheka.

Sasa naishi kwa kutazama midomo ya watu. Anayejua ni mke wangu tu, na asijue mwingine, maana kesi yangu yote ni neno moja nililolisikia: baba kitandani, mdomo umegusa sikio langu, ananiambia nyumba tunayoishi ni yangu. Mdogo wangu anasema ni uongo, anataka tuhame. Nikijulikana ni kiziwi, nani ataniamini?

Basi asubuhi ile nimekaa benchini nje ya chumba cha hakimu, namkodolea macho karani. Anatoka, anaita jina mara tatu, anarudi ndani. Usipoitika, kesi inafutwa. Mke wangu alibaki nyumbani. Tuliogopa tukitoka wote tutakuta kufuli jingine mlangoni. Mkojo ulinibana, nikaukalia hivyo hivyo.

Mdogo wangu akaja, akaketi kando yangu.

"Shikamoo, kaka."

Nifanyeje? Mtu akikuamkia, wewe utatazama mlango? Nikamgeukia. Akauliza hali ya shemeji yake, akauliza watoto mmoja mmoja, akitamka polepole na kuufungua mdomo vizuri. Nikafurahi, jamani, mjinga mimi! Nikadhani undugu umemrudia. Halafu moyo ukanilipuka: mbona anatamka hivi? Huyu anajua!

Nikageuka. Karani alikuwa anafunga mlango.

Nikaingia mbio. "Nipo, mheshimiwa! Nilikuwa hapo hapo nje!"

Hakimu alikuwa na faili langu mkononi. Nikaisoma midomo yake: "Umeitwa mara tatu. Kesi nimeshaifuta. Mbona hukuitika?"

Nikaona nyumba inakwenda. Nikasema lile nililoapa kutolisema.

"Sikusikia, mheshimiwa. Mimi ni kiziwi."

Akanitazama kwa huruma. Akalifungua faili upya, akashika kalamu, nami nikashusha pumzi. Mara watu wote wakatazama nyuma yangu, na kalamu ikasimama. Nikageuka. Mdogo wangu alikuwa mlangoni, ameshamaliza kusema.

"Amesema nini?" nikamuuliza karani.

Karani akanisogelea, akatamka neno kwa neno.

"Anauliza, kama wewe ni kiziwi, maneno ya baba yenu uliyasikiaje?"

Nikaeleza kwamba aliniwekea mdomo sikioni. Nadhani nilipiga kelele, maana hakimu alirudi nyuma kitini. Akasema jambo haraka mno, sikulishika, akafunga faili na kumwashiria karani amwite mwingine. Nikabaki nimesimama pale pale, naogopa hata kugeuka, kwa kuwa mdogo wangu alikuwa nyuma yangu na sikujua kama bado anaongea.