Voyant ya Robine

Ijumaa saa sita na nusu mchana, Mama Mianda alikuwa akipanga masahani ndani ya mashine ya kuosha vyombo ya Madame Laure, makubwa nyuma, madogo mbele, wakati taa ya robine, yaani ya bomba la maji, ilipowaka nyekundu. Dakika ileile vikombe viligongana kabatini. Nyuma ya nyumba, shimo la kobalti la Tata Ntambwe, mume wa Madame, lilikuwa limeporomoka.

Shimo lile lilianza uwanjani, halafu likatambaa chini ya nyumba, kwa sababu madini hayaulizi jiko ni la nani. Muteba, mume wa Mianda, alikuwa ameshuka humo tangu asubuhi na chupa moja ya maji.

Kufika saa tisa, tingatinga lilikuwa limekwisha kulijaza shimo udongo. Tata Ntambwe, ambaye pia ni prezida wa koperative ya wachimbaji, alifungua daftari lake mbele ya Mianda.

"Muteba haiko mu liste, mama. Mutu haiko mu liste, haikuingia. Pengine alienda kwa bibi ingine. Unajua banaume."

"Na sapato yake iko pa mulango ya shimo?"

"Sapato haina jina."

Jikoni, Madame Laure alikuwa amevaa miwani na kufungua kitabu cha mashine. Kitabu kilisema robine ifunguliwe, ilikuwa wazi. Kilisema mpira wa maji usikunjwe. Ulinyooka kama padri. Kilisema chujio lisafishwe, Mianda akalisugua. Taa ikabaki nyekundu. Mianda akachomoa waya ukutani. Taa ikabaki.

Hakuna aliyetoa macho, maana mashine ile ilikuwa na desturi zake. Wakati wa Kwaresima taa ya chumvi, ile ya kulainisha maji, iliwaka, wakaijaza chumvi mpaka ikatapika, haikuzimika. Ilizimika siku Madame alipompelekea pakiti jirani yake Mushiya, ambaye alikuwa amekula mboga ya sombe bila chumvi wiki mbili na kuficha kwa sababu ya kiburi. Kwa Kifaransa taa hizo zinaitwa voyant, na voyant ni pia yule mtu anayeona mambo yaliyofichika na kukudai kuku mweupe. Hii ya Madame haikula kuku. Ilitaka umeme tu, na hata umeme si sana.

Jumamosi alikuja fundi Tharcisse kwa pikipiki ya taxi-moto kutoka mtaa wa Manika. Alilala kifudifudi, akaweka sikio sakafuni, akagonga kigae kwa bisibisi.

"Maji inaingia muzuri," akasema. "Mashini haina kiu. Kuko mutu iko na kiu, pa chini."

"Pa chini wapi?" akauliza Madame.

"Apa. Mita kumi na mbili, kumi na tatu. Mwanaume. Angali muzima."

"Ni bwana yangu," akasema Mianda.

"Njo ye. Voyant haidanganyake, mama. Mafundi njo banadanganyaka."

Tata Ntambwe aliitwa. Alitazama taa, akatazama vigae vya sakafu, wala hakubisha.

"Nikivunja hii carrelage, batu ya serikali batakuja kuona shimo iko chini ya nyumba. Batafunga koperative. Batu mia mbili bakose kazi juu ya mutu moya? Uko mukristu, mama. Fikiri."

Mianda alifikiri. Kufikiri hakukuwa shida. Shida ni kwamba masepetu yote yalikuwa yamefungiwa depo, na ufunguo ulikuwa mfukoni mwa Tata Ntambwe.

Jumapili, wenye nyumba walipokuwa kwenye misa, aliuchomoa mpira wa kutolea maji, akauingiza kwenye ufa wa sakafu nyuma ya mashine, akarudisha waya ukutani, akaiendesha tupu mara tatu, bila sabuni. Mara ya tatu taa ikazimika. Mianda aliketi sakafuni, miguu mbele, akainamia ule ufa.

"Kunywa polepole," akasema. "Utapaliwa, nakujua. Wee hata bia unameza sawa vile banakufukuza."

Madame Laure aliporudi alifurahi kuona panne, ile hitilafu ya mashine, imekwisha. Lakini Jumatatu asubuhi Tata Ntambwe aliona kigae kimevimba. Akamwita Tharcisse aurudishe mpira mahali pake na kuziba ufa kwa simenti. Tharcisse alifanya hivyo bila kuinua kichwa.

"Usinichukie, mama. Mi pia niko na batoto."

"Sikuchukii," akasema Mianda. "Niko nahesabu simenti, itakauka saa ngapi."

Ilikauka haraka. Saa sita taa ikawaka tena. Mianda alianza kukwangua simenti kwa kijiko cha kahawa, mpaka Madame alipokuja kukitoa mkononi mwake, taratibu, kwa kuwa vijiko vile vilikuwa sita na kila kimoja kilikuwa na wenzake.

Jumanne alasiri taa ilififia. Hakuna aliyekuwa amempa mtu maji. Ilififia kidogo, ikajikaza, ikafifia tena, halafu ikazimika.

"Voilà!" Madame Laure akapiga makofi.

Tharcisse alirudi kujaza karatasi ya kazi, naye akaandika kila kitu kama kilivyo: jina la mashine, namba yake, Jumanne, saa tisa na dakika kumi, voyant ya robine imezimika yenyewe, panne imeisha. Mianda aliomba nakala.

Siku iliyofuata alipanda basi mpaka Lubudi, kwa mama yake Muteba. Shemasi wa huko akasoma karatasi kwa sauti.

"Yenyewe?" akauliza mama mkwe.

"Yenyewe, mama."

Mama mkwe akafungua kitambaa chake cha kichwa, akaketi chini, kilio kikaanza. Watu walileta kuni na unga. Kwenye sala karatasi ilisomwa tena, pamoja na namba ya mashine, maana hakuna aliyetaka kuruka kitu kwenye habari za marehemu.

Jumatatu iliyofuata Mianda alirudi kazini. Tata Ntambwe alikuwa amefungua shimo jingine, upande wa chumba cha wageni, na vijana walikuwa wamepanga mstari na tochi zao vichwani. Kabla ya kushuka, kila mmoja alipitia jikoni, akainama mbele ya mashine, akaitajia jina lake na la baba yake, kama mtu anayejiandikisha kwenye liste.

Mianda aliwafungulia mlango. Aliwaambia tu wafute miguu.