Wito Mmoja

Kusini kabisa, kule ambako ardhi ilichoka kuotesha majani ikaamua kuwa nyeupe, ipo nchi iitwayo Kwarumbe, na wenyeji wake ni pengwini. Ni nchi tambarare isiyo na mlima wa kusifiwa wala bonde la kupewa jina, ila jabali moja kubwa la barafu ya buluu lililosimama upande wa mashariki kama ukuta wa jumba lililoachwa bila kumalizwa. Nyuma ya jabali hilo upepo wa Kwarumbe, ambao kwingine kote hauna adabu kwa mkubwa wala mdogo, hunyamaza kabisa. Basi nyuma ya jabali wanaishi Wakubwa. Mbele yake, uwandani, wanaishi wengine wote, maelfu kwa maelfu, migongo myeusi na vifua vyeupe, wakitembea kwa madaha kama watu waliovalia harusi na kusahau ni harusi ya nani.

Kazi ya Wakubwa ilikuwa kuitunza nchi. Hakuna aliyejua nchi hutunzwa vipi, lakini ilionekana kazi hiyo hufanywa kwa kukaa, na waliokaa zaidi walinenepa zaidi. Mkubwa wao alikuwa Mtukufu Gwarambe, pengwini mwenye kifua kipana na shingo iliyokwisha kumezwa na mafuta, ambaye wito wake ulikuwa mzito na mrefu, ukitoka polepole kama mtu anayeburuta kitu chake kizuri mbele za watu ili wote wakione.

Na katika Kwarumbe wito ndio kila kitu. Sura haisaidii, maana sura ni moja. Aliyemwona mmoja amewaona wote. Kinachomtenga mtu na mwenzake ni sauti anayoitoa akiinua mdomo juu, na hakuna mbili zilizofanana tangu nchi hiyo iwepo. Wapendanao husimama ana kwa ana siku nyingi, kifua kwa kifua, wakiitana na kuitikiana mpaka kila mmoja awe ameuhifadhi wito wa mwenzake kuliko anavyoujua wake mwenyewe. Ndipo huoana.

Dumele, kijana wa uwandani, alichelewa kuoa kwa sababu ya wito wake. Ulianza vizuri, ukapanda vizuri, halafu katikati ukashikwa na kwikwi, na mwishoni ukamalizika harakaharaka, kama mtu aliyejikwaa mbele za watu akajifanya alitaka kukimbia. Vijana wenzake waliuiga wakacheka hadi wakaanguka kifudifudi kwenye theluji. Dumele akajifunza kuita kwa sauti ndogo, au kutoita kabisa.

Binti mmoja, Sirumba, ndiye aliyemsikia. Alipita karibu, akasimama, akageuza shingo. Ndugu zake walipomuuliza amemwonea nini yule, aliwajibu, "Wale wengine nikifumba macho siwajui ni nani. Huyu namjua."

Kaka yake Sirumba, jina lake Kofura, alikuwa ndiye mwigaji mkuu wa ile kwikwi. Tangu siku ya harusi Dumele akawa shemeji yake, na utani ukapata kibali cha kisheria.

Majira ya baridi yalipoingia Sirumba alitaga yai lao. Huko mama akishataga humkabidhi baba yai, mguu kwa mguu, kwa hadhari kubwa, kwa kuwa yai likigusa barafu na kukaa kidogo tu halina tena uhai. Kisha mama hushika njia ya bahari kwenda kula na kumletea mtoto samaki tumboni, na baba hubaki gizani miezi na yai lake chini ya mkunjo wa tumbo, bila kutia kitu mdomoni. Dumele alilipokea kwa ncha za miguu.

"Nikirudi piga hiyo kwikwi yako, nitakuja," Sirumba alimwambia.

"Nikiona haya?"

"Uone haya, lakini upige."

Akaondoka na akina mama wenzake, mstari mrefu mweusi uliopungua mpaka ukawa nukta, na nukta ikamezwa na weupe.

Akina baba wakasogeleana wakabanana, kama wafanyavyo miaka yote, wa katikati wakitoka na wa pembeni wakiingia ili kila mgongo uonje upepo na kila mgongo uonje joto. Ni katika hali hiyo, siku moja upepo ulipopumzika, Mtukufu Gwarambe alitoka nyuma ya jabali, akapandishwa juu ya kichuguu cha barafu na kuwahutubia.

"Ndugu zangu," alisema, "maelfu ya watu, maelfu ya miito! Hii ni nchi au ni ugomvi? Kuanzia leo Kwarumbe itakuwa na wito mmoja. Na kwa kuwa ni lazima uwe wa mtu fulani, nimekubali, kwa unyenyekevu, uwe wangu."

Wakubwa walipiga mabawa yao kwa furaha. Wale wa uwandani, wenye mayai miguuni, hawakuweza hata kugeuka vizuri ili watazamane.

Kofura akauliza, "Mtukufu, wake zetu wakirudi watatujuaje?"

"Watakuwa na haja gani ya kuwajua? Shibe waliyoibeba wataikabidhi jabalini, nasi tutawagawia watoto wote kwa haki, bila upendeleo. Mtoto wa Kwarumbe ni wa Kwarumbe." Kisha akaongeza kwa upole, "Atakayeita vingine atatolewa asimame peke yake upande wa upepo. Na yai lake."

Kofura akalivuta yai lake ndani zaidi ya mkunjo.

Basi walifundishwa. Vijana wanene walioitwa Wasikilizaji walipita katikati ya kundi wakitega masikio, na kila mara kundi lilipomaliza kuzunguka, wito wa Gwarambe ulipigwa na wote kwa pamoja, mpaka barafu ikanguruma chini ya miguu. Na kusema kweli, Dumele alifurahi. Aliona aibu kufurahi, lakini alifurahi. Kwa mara ya kwanza maishani alifungua mdomo mbele za watu na hakuna aliyecheka. Koo lake liliushika wito ule upesi kuliko wengi, ukatoka mzito na mnyoofu, bila kwikwi, na Msikilizaji mmoja akampapasa begani akisema, "Huyu anaelewa." Dumele aliyakumbuka maneno hayo kipindi kizima cha giza, akayageuzageuza moyoni kama chakula.

Yai lilipasuka siku ya kwanza jua lilipochungulia. Akatoka binti wa kijivu, kichwa cheusi, mashavu meupe, akamtazama baba yake kama mgeni aliyefika gesti akakuta chumba si kile alichoahidiwa. Halafu akafunua mdomo. Dumele akamtilia yale maziwa ya koo, ambayo baba wa kipengwini huyatoa kwenye mwili wake uliokauka, na ambayo hayatoshi zaidi ya siku chache. Akamwita Nanu.

Ni katika siku hizo chache akina mama walipoanza kufika.

Dumele aliwaona kwa mbali, vifua vimejaa, wakiyumba kwa uzito wa samaki. Kundi zima likainua midomo likaita, na wito uliotoka ulikuwa mmoja. Akina mama wakasimama. Mmoja alikwenda kulia, akarudi, akakimbia kushoto. Wengine waliwaita waume zao mpaka wakapwelewa sauti, nao waume waliitika, kila mmoja kwa sauti ileile ya Gwarambe. Na pale njia inapoingia uwandani, Wakubwa walikuwa wamejipanga, wakiita kwa utulivu wito huohuo. Akina mama waliochoka, wasiojua tena pa kwenda, walipeleka miguu kwa aliye karibu, wakainama, wakatoa kila walichobeba. Wakubwa walipokea kwa niaba ya watoto. Walipokea wakameza, wakafuta midomo, wakapokea tena. Kilichofika uwandani kilikuwa harufu.

Nanu alilia, kisha akalia kidogo, kisha akaacha kulia, na kuacha huko ndiko kulikomtisha baba yake. Maziwa ya koo la Dumele yalikuwa yamekwisha. Alimtazama mtoto aliyelala juu ya miguu yake kama tambara lililolowa, akautazama upande wa upepo, akaona afadhali huko kuliko hapa.

Akainua mdomo apige wito wake.

Ukatoka wa Gwarambe.

Akajaribu tena. Wa Gwarambe, mzito, mnyoofu, mzuri. Akautafuta wake kooni kama mtu anayepapasa gizani penye mlango uliokuwepo jana, na hakuona kitu. Akamgeukia shemeji yake aliyebanana naye ubavuni, naye ana mtoto wake miguuni.

"Kofura. Wangu ulikuwaje?"

"Wako nini?"

"Wito wangu. Umenipotea."

Kofura alimtazama kuona kama anatania. Akatazama huku na huku. Msikilizaji alikuwa hatua chache tu kutoka pale.

"Shemeji," Kofura alinong'ona, "wito wako hata nikifa nitakwenda nao. Ulikuwa hivi." Na yule aliyemcheka ujana wake wote, aliyemwiga harusini mpaka wazee wakamkemea, akainua mdomo akaupiga. Ulianza vizuri, ukapanda vizuri, ukashikwa na kwikwi, ukajikwaa, ukakimbia.

Dumele alihisi kitu kikifunguka kifuani. Akaupokea pale ulipoishia, akaurudia. Mara ya kwanza ulitoka umepinda, mara ya pili ukakaa sawa, yaani ukakaa vibaya vilevile kama zamani. Akaupiga kwa nguvu zote zilizosalia katika mwili ule usioonja chakula tangu jua lilipozama.

"Na mimi?" Kofura alimshika kwa bawa. "Haraka, na mimi wangu?"

"Wako ulikuwa unapiga mluzi mwishoni. Kama mtu anayeita mbwa-bahari asiyemtaka aje."

"Ndio huo! Ndio huo!"

Jirani wa nyuma akauliza wake. Jirani wake akamkumbusha. Hakuna aliyeukumbuka wa kwake, lakini kila mmoja alikumbuka wa mwenzake, kwa kuwa aliwahi kuucheka, au kuuonea wivu, au kukoseshwa usingizi nao. Na sauti zikaanza kurudi uwandani, moja hapa, kumi pale, mpaka anga la Kwarumbe likajaa ule ugomvi mtamu ambao Gwarambe aliuchukia.

Msikilizaji aliyekuwa karibu alifika mbio, kifua mbele, akasimama mbele ya Dumele. Akafunua mdomo atoe amri. Akaufumba. Akainama mpaka mdomo wake ukakaribia sikio la Kofura.

"Wewe tuliwahi kukaa jirani," alisema kwa sauti ya chini sana. "Wangu unaukumbuka?"

Sirumba alikuwa mbele ya Mkubwa mmoja, shingo tayari imeinama, aliposikia ile kwikwi. Aliinua kichwa. Mkubwa akamwita tena kwa upole. Hakumtazama. Alipita katikati ya Wakubwa kama mtu anayepita kwenye mlango, akateleza kwa tumbo, akainuka, akawakanyaga watu miguu bila kuomba radhi, mpaka akasimama mbele ya mumewe, akihema.

"Umekonda," alisema.

"Umechelewa," alijibu Dumele, na kwikwi ikamshika, ya kweli sasa, ya kilio.

"Mtoto yuko wapi?"

Dumele akainua mkunjo wa tumbo. Nanu hakufunua macho. Sirumba alimgusa mdomo kwa ncha ya mdomo wake, mara moja, mara mbili. Mara ya tatu ule mdomo mdogo ukafunuka, kwa hasira. Sirumba akainama akamlisha. Kofura, ambaye mkewe alikuwa bado yuko njiani, aligeuzia uso wake upande mwingine akapiga ule mluzi wake tena, na tena, mpaka ukajibiwa.

Si watoto wote waliopona. Wapo akina mama waliofika kwa waume zao na vifua vitupu, na hao Kwarumbe haikuwacheka wala haikuwasahau. Majirani waliwapa kilichobaki.

Baada ya hapo hakuna aliyepeleka kitu jabalini. Hakukuwa na vita. Wakubwa walisimama pale njiani wakaita, na watu wakawapita. Walipoona njaa inazidi, ilibidi waelekee baharini kwa miguu yao wenyewe, safari ambayo wengi wao hawakuifanya tangu walipoanza kuitunza nchi. Gwarambe aliondoka wa mwisho, akiyumba, akiuliza njia.

Mchana ulipokuwa mrefu na watoto wakaachwa kukaa pamoja uwandani, manyoya ya utoto yakiwatoka vipandevipande, ulishuka ukungu mzito kuliko wote wa mwaka ule. Dumele alikuwa amerudi kutoka baharini, ameshiba, amesimama kando ya Nanu, ikiwa ni zamu ya Sirumba kuwa safarini. Wakasikia kutoka ndani ya ukungu wito mzito, mrefu, ukiburutwa polepole.

Watoto walishangilia. Wote waliujua, walizaliwa ukipigwa juu ya vichwa vyao, na sasa walipokezana nao wakijificha na kutafutana. Mmoja aliujibu kutoka kushoto, kwa wito uleule. Mwingine kutoka kulia. Kisha wakaujibu kutoka pande zote, na ule wa ukunguni ukasita, ukageukia huku, ukageukia kule, ukaanza tena kwa haraka zaidi.

"Nyamazeni kidogo," Dumele alisema. "Nanu, nyamaza. Pengine ni yeye."

"Yeye nani?"

"Mwenye wito."

Nanu alimtazama baba yake kwa huruma, kama watoto wanavyowatazama wazee ambao hawajui kucheza.

"Huo hauna mwenyewe, baba," alisema. "Huo ni mchezo." Akainua mdomo wake mdogo akaupiga kwa furaha, akakimbia ndani ya ukungu.

Dumele alisimama pale muda mrefu, shingo imeinuka. Aliusikia upande wa jabali, kisha upande wa bahari, kisha mbali zaidi, na kila mara alipopiga hatua moja kuufuata, ulicheka kwa sauti ya mtoto.