Sentimita Moja ya Cordell Mabry

Saa tatu na dakika kumi asubuhi, siku ya mvua nyepesi ya Aprili, walimpima Cordell Mabry kama mti unaongoja msumeno.

Alivua viatu, akavua soksi, akapanda kwenye ubao baridi wa chuma katikati ya ukumbi aliouchezea kwa misimu sita. Bwana mmoja mwenye koti jeupe akamteremshia kijiti cha kupimia hadi utosini. Mwingine alichuchumaa akimchungulia magoti. Alipoona yamelegea kidogo, akayasukuma kwa kidole gumba.

"Nyoosha."

"Nimenyoosha," Cordell akajibu.

"Mwambie anyooshe," yule bwana akamwambia mkalimani, kana kwamba Cordell hakuwa amejibu kwa Kikorea.

Akanyoosha. Kijiti kikapanda naye. Mwenye koti akasoma, akafuta miwani, akasoma tena. Mita mbili na milimita sita.

Sheria ilikuwa mpya kabisa. Mabwana wenye timu za mpira wa kikapu walikaa mezani wakala, wakanywa, wakakubaliana kwamba kuanzia msimu ujao mchezaji wa kigeni asizidi mita mbili hata kwa unywele. Ati mchezo ungependeza zaidi. Hakuna aliyewauliza akina mama wa sokoni waliokuwa wakijaza viti vya juu wakipiga kelele, "Mabu! Mabu!" Wala hakuna aliyemuuliza Cordell. Aliyeambiwa azidi kukua tangu utotoni, aliyelishwa na kusifiwa kwa urefu wake, leo urefu umekuwa kosa.

"Anayo haki ya kupimwa mara ya pili," mwenye koti alisema. "Leo leo. Saa tisa alasiri. Baada ya hapo, basi."

Nje, Kwak Do-yun, mkalimani wake tangu siku ya kwanza, alimfunika kwa mwavuli ambao ulimfika kifuani.

"Kaka, milimita sita! Hizo ni nywele tu!"

"Mimi nina kipara, Do-yun."

"Ndiyo maana nasema wametuonea!"

Walicheka. Cordell alikuwa na miaka thelathini na sita. Alikwisha kucheza Finlandi, ambako jua lilichomoza saa tano na kuzama kabla hajapata kuliamini. Alicheza Saiprasi, ambako asubuhi moja walikuta ofisi ya timu imekuwa duka la mapazia. Alicheza Urugwai, Lebanoni, Taiwani. Miji ile yote ilikuwa imeanza kuchanganyika kichwani, ngazi za huku zikimfikisha kwenye chumba cha kule, na kila mahali kitanda kifupi, miguu ikining'inia. Hapa peke yake ndipo alipokuwa akirudi. Kwingine kote alikuwa akifika tu.

"Sikiliza," Do-yun alisema. "Yule mkandaji wa timu ameniambia siri. Mtu hupungua kimo mchana. Akisimama, akibeba mizigo, mgongo unashuka. Akilala unarefuka. Kwa hiyo mpaka saa tisa usilale, usikae, usiegemee kitu. Beba. Mimi narudi ukumbini kuhangaikia karatasi zako. Saa nane na nusu nakufuata."

Ndivyo Cordell alivyofika kwenye bweni la timu, uani kwa Mama Mdogo, akitafuta cha kubeba.

Wachezaji wote walimwita Mama Mdogo. Jina lake Ok Bun-rye, umri miaka sitini na saba, kimo chake kiwiko cha Cordell. Ndiye aliyewapikia. Juu ya mlango wa jikoni kwake alikuwa amening'iniza mto mnene alioushona kwa soksi kuukuu za timu, kwa sababu wiki ya kwanza Cordell alijigonga kipaji cha uso mara tisa, na mama yule alisema kelele ile inamharibia supu.

Siku hiyo alikuwa akitenganisha maharage yaliyochachuka na maji yake meusi, kazi ya kila mwaka inapofika majira ya maua, na mitungi mikubwa ya kuyahifadhia ilitakiwa kuhamishwa kutoka ukutani hadi kwenye jukwaa la mawe.

"Umefaulu?" aliuliza bila kugeuka.

"Wanarudia saa tisa."

"Nilikwambia ule zile peremende za kunata nilizokupa! Mtu wa mtihani anakula kinachonata ili naye anate. Wewe ulizila?"

"Nilimpa Do-yun."

"Basi Do-yun ndiye aliyefaulu." Akamtazama tangu miguuni hadi juu, safari ndefu. "Mbona umesimama kama mlingoti? Kaa."

"Nataka kubeba mitungi, Mama Mdogo."

"Aa! Leo jua limetokea wapi?"

Akabeba. Mtungi wa kwanza aliuweka begani, wa pili kichwani, kama alivyokuwa akibeba bibi yake kule Helena, Arkansa, ndoo za maji kutoka bombani. Mvua ilikatika. Maua meupe ya mcheri wa jirani yalidondoka juu ya mitungi, juu ya mabega yake, na mama yule aliyafukuza kwa kitambaa kama nzi. Kwa kila mtungi alihisi mifupa ya mgongo ikikaa mmoja juu ya mwenzake, tap, tap, kama matofali. Milimita moja, mbili, tatu. Kufika saa sita alikuwa amehamisha mitungi kumi na minne, akairudisha minne kwa kusingizia kwamba haikupangwa vizuri.

"Wewe unaumwa," Mama Mdogo alisema hatimaye. "Jasho linakutoka kwenye masikio. Njoo."

"Sijachoka."

"Nimekuuliza?"

Akamshika kidole kimoja, maana mkono wake haukutosha kuushika mkono wote, akamwingiza chumbani kwake mwenyewe. Hapo Cordell akaona kumbe wakati yeye anabeba, mwenzake alikuwa ameandaa. Moto wa chini ya sakafu ulikuwa umewashwa, na karatasi ya manjano iliyobandikwa sakafuni ilitoa joto la mkate. Magodoro mawili yaliunganishwa kichwa kwa miguu. Safari ile miguu haingening'inia.

Alifungua mdomo aeleze. Maneno ya mkandaji yalikuwa palepale ulimini. Lakini mama alikuwa amepiga magoti akilainisha blanketi, akizungumza na blanketi zaidi kuliko naye.

"Miaka kumi na tisa nilisimama kwenye mashine ya nyuzi. Tulikuwa wasichana mia tatu. Mguu ukivimba, tunakata kiatu. Hakuna hata mmoja, Mabu, si msimamizi, si daktari wao, aliyewahi kuniambia: binti, lala kidogo. Mwili uliochoka haufaulu mtihani. Lala."

Ungemwambiaje mtu huyo kwamba huruma yake ina hatari? Dakika tano, Cordell alijiambia. Nitahesabu hadi mia tatu, nitaamka, nitamshukuru, nitarudi kwenye mitungi.

Akalala. Joto likampanda kutoka visigino, likapita nyuma ya magoti, likafika kiunoni likafungua fundo moja, halafu jingine. Alifika themanini na tatu.

Halafu miguu ikatoka mlangoni. Hakushangaa. Ilipita uani katikati ya mitungi, polepole, ikavuka daraja, ikavuka bahari isiyo na mawimbi, na vidole vyake vikagusa matope ya Misisipi, baridi na laini, pale alipozoea kuogelea. Kichwa kilibaki Korea, kwenye joto. Alikuwa mrefu hivyo na hakuna aliyemwambia apungue. Finlandi ilipita juu ya tumbo lake kama kivuli cha wingu. Mtu wa mapazia wa Saiprasi alimpungia mkono. Kwenye ukingo wa mto alikaa babu yake Ezell, kofia magotini, akichonga kijiti.

"Babu, unapima nini?"

"Nakivunja," babu alisema. "Nyanya yangu mimi walimpima kwa kijiti kama hiki, kwenye mnada wa watumwa, ngazi za mahakama, mbele ya watu walioshiba. Alikuwa na miaka kumi na minne. Walimpima kimo, wakamfungua mdomo wakahesabu meno, wakaandika. Yeye alisahau yote isipokuwa kitu kimoja: alikuwa amekunja magoti ili aonekane mtoto, wasimtenge na mama yake. Wakayasukuma kwa mguu."

Kijiti kikavunjika. Sauti yake ilikuwa ya mlango.

"Kaka! Kaka, umefanya nini?" Do-yun alisimama mlangoni, karatasi mkononi. "Saa nane na nusu!"

Cordell alikaa kitako. Mgongo haukumuuma popote. Kwa mara ya kwanza tangu Finlandi, haukumuuma popote. Hapo akajua.

Walienda ukumbini. Mwenye koti alikuwa palepale, na yule wa magoti palepale, amekwisha kuchuchumaa. Cordell alivua viatu, akavua soksi, akaweka visigino juu ya ubao wa chuma. Angeweza kulegeza kidogo. Angeweza kuzamisha shingo mabegani, kama alivyojifunza wiki nzima mbele ya kioo. Alimfikiria yule binti wa ngazi za mahakama. Akavuta pumzi, akasimama wima, kidevu sawa, magoti yamefungwa kama mlango wa benki, na safari hii hakuna aliyemwambia anyooshe.

"Mita mbili," mwenye koti alisoma, "sentimita moja, milimita moja." Akainua macho. "Umeongezeka."

"Andika," Cordell alisema. "Na uandike majina ya waliopima."

Yule bwana alitazama kalamu yake. Alikuwa mtu mwenye aibu, pengine ana watoto. Aliandika namba tu.

Kwenye daraja Do-yun alilipuka. "Ni ile sakafu! Mama yule na moto wake! Nitamwambia, wallahi nitamwambia!"

"Ukimwambia, nakutupa mtoni."

"Basi nimwambie nini, Kaka? Miaka sita! Utaondoka, nitabaki namtafsiria nani?"

Cordell alimwekea mkono kichwani, mkono uliomfunika hadi masikioni. "Mwambie walikuja na jibu mfukoni. Na huo si uongo. Milimita sita zingewatosha, na sentimita ikawatosha. Walitaka kukata, wakakata."

Mama Mdogo aliwapokea kwenye mlango wa jikoni, chini ya mto wa soksi. Alisoma nyuso zao kabla hawajafungua mdomo. Alifunga aproni yake upya, akachukua upawa.

"Wako wapi hao?"

"Wameshaondoka, Mama Mdogo," Do-yun alidanganya.

"Mwaka mmoja kule kiwandani walitupekua kila jioni langoni, mpaka ndani ya sketi, ati tunaiba nyuzi. Siku moja tukalala chini. Wote mia tatu, kwenye sakafu baridi, siku nne. Walijaribu kutuinua, wakashindwa. Mtu mmoja akilala ni mgonjwa. Mia tatu wakilala, mabwana wanakonda." Akamwelekezea Cordell upawa. "Wewe wamekukuta peke yako umesimama."

Chungu kilichemka. Kisha, kwa sauti ndogo, akauliza kile alichokuwa akikizunguka tangu mwanzo:

"Lakini pale chumbani, mwanangu. Ulilala vizuri?"

Do-yun akageukia mitungi.

"Sijawahi kulala hivyo," Cordell alisema. "Miguu yangu ilifika nyumbani."

Mama akatikisa kichwa kwa kuridhika, akamwashiria aingie ale. Kwa miaka sita Cordell alikuwa akiinama pale mlangoni hata baada ya mto kushonwa. Safari hii hakuinama. Kipaji kiligonga soksi, kikatoa sauti laini, na mto ukabaki unabembea.

Msimu mpya ulipoanza, mchezaji mgeni wa timu, mita moja na themanini na tano, alipita chini yake bila kuugusa. Siku ya tatu aliuliza mto ule ni wa nini, akanyoosha mkono autoe. Mama Mdogo alimpiga upawa wa vidole.

"Acha hapo," alisema. "Una mwenyewe."