Mlango wa Nyuma

Nyumba yangu iko na midomo miwili: mmoja unameza wageni, mwingine unatapika wenyeji. Ni nini? Mjukuu wangu Merveille alishindwa. Amezaliwa tumesharudi, basi alidhani ule mlango mdogo wa nyuma, unaotazama ziwa, ni wa kumwagia maji ya vyombo.

"Hapana, mutoto. Ni wa kukimbia."

Nikamweleza. Tuliporudi hapa Baraka kutoka kambi ya wakimbizi Tanzania, kila aliyejenga alimwambia fundi aache mlango wa pili, ili risasi zikianza kwa barabara, we uko tayari unashuka ziwani. Mtaa wetu umejaa milango hiyo.

Merveille anapiga filamu. Alizunguka akiipiga picha milango ile yote, ili aionyeshe kwa ukuta wa kanisa. Mwishowe akaja kwangu na kamera.

"Koko, sasa utoke mbio, kama siku ile mlipokimbilia Tanzania."

"Siku ile nilikuwa na baba yako mgongoni. Mi nilishakimbia. Sikimbii tena juu ya picha."

Akanuna. "Sasa filamu itaishia wapi?"

Nikageuka kuutazama ule mlango. Kaka yake Henri, fundi wa matofali, amenisumbua tangu zamani aufunge ule mlango, saloni ya kukalia wageni ipate ukuta, nami nakataa. Lakini muntu anasema hakimbii, halafu kila usiku analala miguu ikielekea kule kule? Nikamwita Henri.

"Funga nusu ya chini. Juu uache dirisha, niuzie mandazi."

Jirani yangu Suzanne, tuliyekimbia naye, alipoona sima ya kujengea inakorogwa akaja mbio.

"Mama Élie, na vita ikirudi, utapitia wapi?"

"Kwa mlango wa mbele, kama muntu iko kwake."

"Utamwambia hivyo mwenye bunduki?"

"Nimeanza kukwambia we. Yeye atangoja."

Henri akapanga matofali mpaka kifuani kwangu. Merveille alikuwa anapiga yote. Suzanne akatazama dirisha, akatazama miguu yangu.

"Kwa kuuza mandazi, iko sawa. Kwa kupandisha huo mguu, hapana."

"Ni ya mandazi, Suzanne."

Filamu inaishia hapo. Kamera inatetemeka kwa kicheko cha Merveille. Kanisani walicheka mpaka wachungaji, maana walisikia sauti yangu, polepole, ikisema: "Lakini Henri, toa safu moja ya juu."